Somo la Leo: Neno HATARI

Leo tutasoma neno moja: HA-TA-RI. Ni jina la sinema iliyotoka mwaka 1962. Ilipigwa picha Tanganyika, upande wa Arusha. Mchezaji wake mmoja ni Bibi Elsa Martinelli, Mwitalia, aliyezaliwa Grosseto mwaka 1935. Mwaka 1956 alipata tuzo ya uchezaji mjini Berlin. Katika sinema hii yeye ni mpiga picha, na watoto wa tembo humfuata kama mama yao. Alifariki mwaka 2017.

Wazungu wengi walilisoma jina lile wasijue maana yake. Ninyi maana mwaijua. Sasa jueni na herufi zake. Mkiliona kwenye nguzo ya umeme, litawaokoa. Kwaherini.