Kiharusi Bunia
Maradhi ya kiharusi, ambayo duniani ni miongoni mwa yanayoua watu wengi zaidi, aghalabu hayamzukii mtu ghafla kama tudhanivyo, bali hutanguliwa kwa miaka na shinikizo la damu lisilo na maumivu; na hapa Bunia, ambapo aliyekimbia vita vya Ituri huacha nyuma nyumba pamoja na vidonge vyake vya shinikizo, na samaki wa chumvi wa Tchomia pengine huingia chunguni bila kurowekwa ili chumvi ipungue, hatari hiyo yazidi, nami naiona ni dhuluma juu ya dhuluma.

Mdomo wa mtu ukipinda, mkono ukalegea, ulimi ukawa mzito, tusiseme amelogwa, wala tusimnyweshe kitu: tumpeleke hospitali saa ile ile. Na kila aliyetimiza miaka 40, tafadhali, akapimwe shinikizo juma hili.