Hati ya Machimbo Ikifutwa: Njia Zetu Mbele ya Sheria
(Hotuba kwa wanaharakati na waumini, Kendu Bay)



Mmetuuliza: Serikali ikiifuta hati ya machimbo, mwenye hati afanye nini, na sisi majirani wa machimbo tuna nafasi gani? Swali hili linawagusa ndugu zetu wa Migori, ambako dhahabu imechimbwa tangu enzi za mkoloni, na vijana wetu waendao huko kutafuta riziki.

Wazee wetu walipopigania vyama vingi, hata kifungu cha 2A kikafutwa mwaka 1991, hawakutaka tu uhuru wa kuchagua chama. Walikataa kutawaliwa kwa matamko ya jukwaani. Sote hapa twakijua kisa cha Simbi Nyaima: kijiji kilimfukuza bikizee bila kumsikiliza, maji yakakimeza. Sheria nayo huanzia hapo: mtu asihukumiwe kabla ya kusikilizwa.

Kifungu cha 47 cha Katiba ya 2010 kinamtaka kila mtawala atende kwa haki, na atoe sababu kwa maandishi pale anapomwathiri mtu. Kwa hiyo hatua ya kwanza ni kudai sababu hizo, na kutumia njia za rufani zilizomo katika sheria yenyewe. Sheria ya Madini ya 2016 inaruhusu mgogoro uamuliwe na waziri, au kwa upatanishi, au mahakamani. Asiyepita ngazi hizo aweza kurudishwa na jaji. Hatua ya pili ni kuomba mahakama iupitie uamuzi, iusimamishe kwa muda, au iubatilishe. Ya tatu ni fidia.

Lakini tusidanganyane. Machi 2013, siku chache baada ya uchaguzi mkuu, kampuni ya Cortec ilipewa leseni ya kuchimba madini katika kilima cha Mrima, Kwale, ambacho ni msitu wa hifadhi na kaya takatifu ya Wadigo. Agosti mwaka huo huo waziri akatangaza kuifuta. Kampuni ilishindwa katika Mahakama Kuu mwaka 2015, ikashindwa tena katika Mahakama ya Rufani mwaka 2017. Wawekezaji wakaenda mbele ya wasuluhishi wa kimataifa, wakitumia mkataba wa Kenya na Uingereza, wakidai takriban dola bilioni 2. Mwaka 2018 wakaambulia patupu, na ombi la kuitangua hukumu hiyo likakataliwa mwaka 2021. Kwa nini? Leseni ilitolewa bila athari za mazingira kupimwa na kuidhinishwa kama sheria itakavyo. Ilikuwa batili tangu mwanzo. Fidia hailipwi kwa hati isiyokuwa na uhai kisheria.

Hapo pana mafundisho mawili. Mwenye hati hulindwa na uhalali wa hati yake, wala si na ukubwa wa mtaji wake. Na Serikali inayogawa hati kiholela leo, kesho ikazifuta kiholela, hututwisha sisi walipa kodi gharama za kesi.

Na jirani wa machimbo je? Yeye si mtazamaji. Kifungu cha 70 kinamruhusu mtu yeyote kwenda mahakamani kulinda mazingira, hata kama hana hasara yake mwenyewe ya kuonyesha. Hati ikifutwa, ulizeni: nani atafukia mashimo? Nani atalipa mishahara iliyobaki? Nani atasafisha maji? Ulizeni kwa barua, mbaki na nakala.

Mali bila daftari hupotea bila habari. Wekeni kumbukumbu za mikutano, risiti, picha na kila tangazo la Gazeti la Serikali. Kanisa lina makarani, lina makabati, lina watu wanaoaminika. Likubali kuwa mtunza hati wa kijiji. Tukifika mahakamani mikono mitupu, hata haki iliyo yetu itatuponyoka.