Jina la Ndani na Jina la Kitambulisho: Asili na Maana ya Majina ya Watu mjini Lubumbashi

Mada hii ya semina inachunguza majina ya watu katika mji wa Lubumbashi, na inatetea hoja moja: kwamba kile ambacho vitambulisho vya Kongo hukiita nom (jina) na postnom (jina linalofuata) si jina la ukoo kama linavyofahamika Ulaya, ambako watoto wote hurithi jina moja kutoka kwa baba, wala si ubini kama unavyofahamika Zanzibar au Mombasa, ambako jina la mtu hufuatwa na la baba yake na la babu yake. Kwa asili haya ni majina mawili ya mtu mwenyewe, ambayo dola iliyapanga katika mstari mmoja, na msomaji anayeyatafutia ukoo hupotea tangu hatua ya kwanza.

Padri Placide Tempels, Mfransisko kutoka Ubelgiji aliyefanya kazi miongoni mwa Waluba wa Katanga, alichapisha mwaka 1945 kitabu chake juu ya falsafa ya Kibantu katika mji huu huu, ulipokuwa ukiitwa Élisabethville. Falsafa aliyoijenga imepingwa na wanafikra wa Kiafrika kama Paulin Hountondji na Fabien Eboussi Boulaga, na wana haki ya kuipinga, lakini maelezo yake kuhusu majina yangali na manufaa. Alitenga aina tatu. Ya kwanza ni dijina dya munda, yaani jina la ndani, ambalo humtaja mtu alivyo na halimtoki maishani. Ya pili ni jina linalopatikana mtu anapoongezewa nguvu au cheo, kama vile anapotawazwa. Na ya tatu ni jina ambalo mtu hujichagulia na anaweza kuliacha. Inafaa kuongeza kwamba majina ya ubatizo, yaliyoletwa na Wabenedikto na misheni za Kiprotestanti, yaliingia kwa mlango huo wa tatu, ndiyo maana wazee wengi waliyapokea bila kuona kwamba yamegusa lile la ndani.

Jina la ndani mara nyingi hutokana na jinsi mtoto alivyozaliwa. Kwa Waluba wa Katanga pacha wa kwanza huitwa Kyungu na wa pili Kabange, na hapo wazazi hawana la kuchagua, kwa kuwa majina hayo huja pamoja na watoto wenyewe. Kwa Waluba wa Kasai mapacha ni Mbuyi na Kabanga, hivi kwamba irabu moja ya mwisho, Kabange au Kabanga, humjulisha msikilizaji mzazi alikotoka. Kwa Wakasai hao hao, Mujinga ni mtoto aliyezaliwa kitovu kikiwa kimemzunguka shingoni, na Ngalula ni msichana aliyekuja baada ya mfululizo wa wavulana. Kwa Wabemba, mtoto anayewafuata mapacha huitwa Chola. Wazazi nao hubadilika jina, kwani aliyezaa mapacha, ambao katika Kiswahili cha Lubumbashi huitwa mapasa, huitwa Mama Mapasa na mumewe Baba Mapasa, na heshima hiyo huwafuata mpaka uzeeni.

Mfano ulio wazi kwa kila Mkongo ni watoto wa Laurent-Désiré Kabila. Rais wa zamani ni Joseph Kabila Kabange, pacha wake ni Jaynet Kabila Kyungu, na ndugu yao aliyekuwa gavana wa mkoa wa Tanganyika ni Zoé Kabila Mwanza Mbala. Mgeni huona Kabila likijirudia na kulidhani ndilo lenye habari yote, hali habari ya kuzaliwa kwao imo katika jina linalofuata: Kyungu na Kabange hutangaza upacha, na Mwanza Mbala humtenga ndugu asiye pacha.

Chanzo kingine cha jina la ndani ni mtu aliyetangulia. Mtoto hupewa jina la babu, nyanya, shangazi au rafiki wa baba, na tangu siku hiyo wawili hao hufungamana. Wakasai humwita mtu wa namna hiyo shakena, yaani wajina. Baba ambaye mwanawe amebeba jina la babu humwita mtoto huyo kwa lugha ya heshima anayomwitia mzazi wake, na humkaripia kwa kujizuia. Kwa sababu hiyo nyumba moja katika komine za Katuba au Kenya mjini Lubumbashi inaweza kuwa na Ilunga, Ngoie, Kasongo na Banza, wote wa baba mmoja na mama mmoja, bila jina hata moja la pamoja. Jina hapa huunganisha vizazi kwa mtu mmoja mmoja, na hilo ni jambo kubwa ambalo fomu za ofisi hazina nafasi ya kulieleza.

Kuhusu majina ya cheo itoshe kutaja mifano miwili. Ngelengwa, aliyetoka Usumbwa katika Tanzania ya leo na kuanzisha utawala wa Wayeke huko Bunkeya, alijulikana duniani kama M'siri, akauawa tarehe 20 Desemba 1891 na watu wa msafara wa kikoloni ulioongozwa na Stairs. Warithi wake hutawala wakiitwa Mwami Mwenda, jina ambalo M'siri naye alikuwa nalo. Kwa Walunda, anayekalia kiti ni Mwant Yav, vyovyote alivyoitwa utotoni.

Mji uliyakuta majina haya na kuyachanganya. Baada ya kampuni ya madini ya Union Minière kuanzishwa mwaka 1906 na mji mwaka 1910, wafanyakazi waliletwa kutoka Rhodesia ya Kaskazini, Kasai, Ruanda-Urundi na maeneo ya Katanga yenyewe, na tangu mwaka 1928 kampuni iliwahimiza kukaa na familia zao kambini. Makarani waliandika walichosikia kwa tahajia ya Kifaransa, kila mmoja kwa namna yake, ndipo Ngoy, Ngoyi na Ngoie wakawa watu watatu katika karatasi. Kiambishi kimoja nacho kilipata sura mbili, ki- ya Katanga na tshi- ya Kasai, kama katika Kilumba na Tshilumba. Tofauti hiyo ndogo haikubaki jambo la wanaisimu peke yao. Katika miaka ya 1992 na 1993, familia nyingi zenye asili ya Kasai zilipofukuzwa kutoka miji ya Likasi na Kolwezi huko Katanga, jina lilikuwa miongoni mwa alama zilizomtambulisha mtu, hata yule aliyezaliwa Katanga na asiyewahi kuiona Kasai.

Mpangilio wa sasa ulitokana na siasa ya uhalisi, yaani juhudi ya Rais Mobutu ya kurudisha mambo ya asili. Mwaka 1972 majina ya kigeni yalipigwa marufuku, Joseph-Désiré Mobutu akawa Mobutu Sese Seko Kuku Ngbendu wa za Banga, na Kardinali Malula akapinga waziwazi. Aliyekuwa na jina la ubatizo na jina moja la Kiafrika alilazimika kutafuta la pili, na wengi wakalichukua la babu. Hivyo postnom ikaenea. Sheria ya Familia ya tarehe 1 Agosti 1987 iliagiza kwamba majina yatolewe katika urithi wa utamaduni wa nchi, na yasiwe ya matusi wala ya kudhalilisha. Majina ya ubatizo yalirudi hadharani baada ya mageuzi ya mwaka 1990, lakini postnom haikuondoka.

Wakati huo huo jina la ukoo linazaliwa polepole mbele ya macho ya watu. Mwanasiasa Étienne Tshisekedi wa Mulumba alikuwa Tshisekedi, mwana wa Mulumba. Mwanawe, aliye Rais tangu Januari 2019, ni Félix Tshisekedi Tshilombo. Jina la baba mwenyewe limekuwa la kurithiwa, na la Mulumba limeachwa nyuma. Familia nyingi za Lubumbashi zinafuata njia hiyo kwa sababu shule, benki na balozi huwashuku ndugu wasio na jina la pamoja. Uamuzi huo unaeleweka, lakini una gharama, kwa kuwa mtoto anayepewa jina la baba katika nafasi ya kwanza na jina lililochaguliwa kwa utamu wa sauti katika ya pili hana wajina, na habari ya kuzaliwa kwake haikuandikwa popote.

Sheria inawapa wazazi siku 90 za kuandikisha mtoto, muda unaotosha kuwauliza wazee. Wazazi na waitumie nafasi ya postnom kulihifadhi jina la ndani. Makarani wa komine waliandike kama mzazi anavyolitamka, si kama walivyozoea. Na washiriki wa semina hii, hasa walimu na wanafunzi wa Chuo Kikuu cha Lubumbashi, waende Kamalondo, Kenya na Katuba kuandika kutoka vinywani mwa wazee kila mmoja alipewa jina la nani na kwa sababu gani.