Mita 60 za Kulinda Mto

Sheria ya Usimamizi wa Mazingira ya Tanzania ya mwaka 2004 inakataza shughuli za kudumu ndani ya mita 60 kutoka ukingo wa mto. Ukilima hadi majini, mvua husomba udongo, mto hujaa tope na kina hupungua.

Je, kibali cha kutumia maji ya mto kinahitajika lini? Kuchota ndoo ya maji ya kupikia hakuhitaji kibali. Lakini ukitaka kuchepusha maji kwa mfereji au kufunga pampu ya kumwagilia, omba kibali kwa Bodi ya Maji ya Bonde lako. Tanzania Bara ina mabonde 9 ya maji. Mkigombania zamu za maji, anzieni kwenye jumuiya ya watumia maji.

Ndugu mkulima, pima mita zako 60 leo. Walio chini ya mto nao wana haki.