Mwenyekiti Ameondoka, Kijiji Kinadai



Kijiji cha Tanzania kinaweza kwenda mahakamani. Naanza na hilo kwa sababu wanakijiji wengi hawajawahi kuambiwa. Sheria ya Serikali za Mitaa (Mamlaka za Wilaya) ya 1982 imeipa halmashauri ya kijiji, ile ya wajumbe 15 hadi 25, nafsi yake kisheria: inamiliki mali, inashtaki na kushtakiwa. Mwenyekiti akiondoka na fedha za zahanati, mdai wa kwanza ni kijiji chenyewe.

Tunavyofanya ni vingine. Mkuu wa wilaya anafika, mkutano wa hadhara unafurika, mzee mmoja anasimama kulalamika kwamba mwaka wa tatu huu hawajasomewa mapato na matumizi. Amri inatoka hapo hapo: mwekeni ndani! Vigelegele. Sheria ya Tawala za Mikoa ya 1997 inaruhusu kumshikilia mtu hadi saa 48, lakini kwa kosa la jinai au kwa ajili ya kulinda amani. Kudai madeni hakumo. Saa zikiisha, mtuhumiwa anarudi kwake na akaunti ya kijiji iko vile vile.

TAKUKURU, taasisi ya kuzuia na kupambana na rushwa, ina meno zaidi. Sheria yake ya 2007 inafanya ubadhirifu kuwa kosa la jinai, na mwaka 2020 tuliwaona viongozi wa vyama vya ushirika wakirejesha fedha za wakulima kupitia kwake. Walirejesha wakiwa bado na cha kurejesha. Ndipo penye tatizo la mwenyekiti.

Mtendaji wa kijiji ni mwajiriwa. Ana mshahara, na kwenye mshahara kuna pa kushika. Mwenyekiti amechaguliwa, halipwi mshahara, anaishi kwa posho ikipatikana. Akishamaliza muda wake, utamkata wapi? Kijiji kikishinda kesi ya madai, Sheria ya Mwenendo wa Madai inakataza kukamata nyumba anamoishi mdaiwa na familia yake, na shamba ambalo riziki yake yote inalitegemea. Siilaumu sheria hiyo: watoto hawakula fedha za zahanati. Ila mali ya mwenyekiti mstaafu mara nyingi ni hiyo hiyo, nyumba na shamba. Hukumu inabaki karatasi.

Na hata kuipata hukumu hiyo kuna kazi. Kila kaya imechangia ujenzi wa darasa, balozi wa nyumba kumi amekusanya, mwenyekiti amepokea. Kitabu cha stakabadhi kiko wapi? Kikipatikana, kurasa za katikati zimenyofolewa, vishina havipo, na fundi alilipwa mkononi bila hati ya malipo. Wanakijiji mia wataapa kwamba walichanga, na ni kweli walichanga. Hakimu atauliza kiasi gani kilipokelewa na nani, na kiasi gani kilimfikia fundi. Hapo kesi nyingi hufia.

Kwa hiyo, kwa maoni yangu, kudai kunakofaa ni kule kunakofanyika mwenyekiti akiwa bado kitini. Mkutano mkuu wa kijiji, wa watu wote wenye umri wa miaka 18 na kuendelea, unatakiwa kukaa kila miezi mitatu na kusomewa hesabu. Pengo la miezi mitatu hulipika. La miaka mitano halilipiki. Na siku ya makabidhiano, vitabu vya stakabadhi, taarifa ya benki na orodha ya mali visainiwe mbele ya mkaguzi wa ndani wa wilaya. Leo, penye bahati, kinachokabidhiwa ni mhuri na funguo.

Wenyeviti waliochaguliwa Novemba 2024 bado wako ofisini. Wanafunzi wa sheria mliopo hapa, mkienda likizo, hudhurieni mkutano mkuu wa kijiji chenu na muombe kusomewa mapato na matumizi ya robo iliyopita.