Mtoto Mbele ya Kamera: Ukimya na Lugha katika Filamu ya Hali Halisi

Nje ya nyumba za Wahimba karibu na Opuwo, kaskazini-magharibi mwa Namibia, watoto wawili wamekaa chini wakiponda mawe kwa mawe. Chupa ya plastiki inagombewa, kisha kilio kinafuata. Aliyeshika kamera haingilii. Ndivyo inavyoanza Babies, filamu ya mwongozaji Mfaransa Thomas Balmès iliyotoka mwaka 2010. Kwa dakika 79 inawafuata watoto wanne tangu kuzaliwa hadi kuanza kutembea: huyu wa Namibia, na wenzake wa Mongolia, Tokyo na San Francisco.

Filamu haina msimulizi wala maandishi ya tafsiri chini ya picha. Kwa mtazamo wa kwanza uamuzi huo ni wa haki: madhali mtoto mchanga hajapata lugha, mtazamaji naye na anyimwe lugha, ili wote wawe sawa. Hoja ya mhadhara huu ni kwamba usawa huo ni wa juujuu tu.

Ushahidi umo katika onyesho moja la San Francisco. Wazazi na watoto wao wameketi katika duara wakiimba wimbo wa kuisifu dunia kuwa ni mama. Katikati ya wimbo, mtoto anainuka na kuuendea mlango, anataka kutoka. Watazamaji hucheka, na wana haki ya kucheka. Lakini kicheko hicho kimejengwa juu ya maneno ya wimbo. Asiyejua Kiingereza huona mtoto na mlango, basi. Mama wa Kihimba anapozungumza na wanawe, mtazamaji yuleyule aliyecheka husikia sauti tupu, kama asikiavyo upepo. Mtoto wa kwanza anaonekana kulelewa na watu wenye maneno. Wa pili, na vumbi, mbwa na jua.

Kwa mwanafunzi wa Kiswahili jambo hili lina uzito wa pekee. Wahimba husema Kiherero, lugha ya Kibantu. Mwenye kusema mtu na watu hatashangazwa na omundu na ovandu. Tena, oka- ya udogo katika okanatje, yaani mtoto mdogo, ni ndugu wa ka- ya katoto, ambayo usanifishaji uliiweka kando ilhali mitaani haijafa. Kwa sikio la namna hiyo, sauti za Opuwo zina ngeli na upatanisho. Ni malezi yenyewe: humo mtoto hukanywa, husifiwa, huitwa.

Mkataba wa Umoja wa Mataifa wa Haki za Mtoto wa mwaka 1989 unalinda faragha ya mtoto katika kifungu cha 16, na katika kifungu cha 12 haki ya mtoto awezaye kuunda maoni yake kusikilizwa. Mtoto mchanga hawezi kutoa ridhaa, wazazi humtolea. Yule wa San Francisco angalau aliuendea mlango, na hadhira ikamwelewa. Wa Opuwo huenda naye alikataa jambo, au aliambiwa neno la kumtuliza. Mfasiri atakayetaka kuiandikia filamu hii maneno ya Kiswahili hataweza kuyapata maneno hayo kwa kupitia Kiingereza. Itambidi aanze na wasemaji wa Kiherero wenyewe.