Kikomo cha umri: maneno ya Kamati ya Elimu kwenye hafla ya uchangiaji



Kila mwaka Kamati ya Elimu hupewa dakika kumi, nasi huzimaliza kwa kusoma majina ya wanafunzi tuliowalipia ada. Mwaka huu majina tumeyabandika mlangoni. Tunaomba dakika zetu tuzungumze habari za mtu wa mbali, aliyetufanya tubishane vikao viwili.

Anaitwa Mifflin Wistar Gibbs. Alizaliwa Philadelphia, Marekani, mwaka 1823, mtoto wa mchungaji Mweusi, akafiwa na baba angali mdogo na kufunzwa useremala. Mwaka 1850 akafika San Francisco, watu wakikimbilia dhahabu. Mafundi wazungu walikataa kufanya kazi pamoja naye, akaishia kung'arisha viatu mbele ya hoteli. Baadaye yeye na mwenzake, Peter Lester, wakafungua duka la viatu.

Siku moja wazungu wawili wakaingia dukani. Mmoja akampiga Lester kwa fimbo nzito, mwingine ameshika bastola. Gibbs yuko palepale, anaona yote. Kesi haikuwapo, kwa sababu sheria ya California wakati ule haikumruhusu Mweusi kutoa ushahidi dhidi ya mzungu. Shahidi yupo, macho anayo, ila mahakama haimsikii.

Ndipo Gibbs na wenzake wakaanzisha gazeti, Mirror of the Times, katikati ya miaka ya 1850, wakaandika na kupeleka maombi bungeni. Kodi ya kichwa nayo wakaigomea: tutalipaje na kura hatupigi? (Wazee, kodi ya kichwa hamhitaji kufundishwa.) Bidhaa za duka lao zikakamatwa ziuzwe kwa mnada. Rafiki yao mmoja mzungu akapita katikati ya watu akiwasihi wasinunue. Hakuna aliyetaja bei, viatu vikarudishwa dukani.

Mwaka 1858 alihamia Victoria, British Columbia, akafanya biashara, na mwaka 1866 akachaguliwa diwani. Hapo angeweza kutulia. Badala yake alianza kusoma sheria, kisha akarudi Marekani kuimaliza Oberlin, Ohio. Hesabuni wenyewe: aliyezaliwa 1823 anahitimu 1870. Mwaka 1873 watu wa Little Rock, Arkansas, walimchagua hakimu wa mji, na inaandikwa kuwa ndiye Mweusi wa kwanza Marekani kuchaguliwa kwa kazi hiyo. Kitini hakukaa sana, siasa za jimbo ziligeuka. Ila yule aliyezuiwa hata kuwa shahidi alikuwa amekaa upande wa pili wa meza, akisikiliza mashahidi. Uzeeni alitumwa kuwa balozi mdogo wa Marekani Tamatave, Madagaska, bahari hiihii yetu.

Sasa ubishi wetu. Katiba ya chama inasema ufadhili ni kwa asiyezidi miaka 25. Mwaka huu tumepokea barua ya mwenzetu wa miaka 41. Wengi mnaijua sauti yake redioni, ndiye aliyeripoti habari za mipaka ya mashamba ya kule bondeni. Anataka kusoma shahada ya sheria, kisha mafunzo ya sheria kwa vitendo. Baadhi yetu tulisema hapana: fedha ni kidogo, na kijana ana miaka mingi ya kututumikia. Si hoja ya kipuuzi, na waliyoitoa wamekaa nasi hapa mbele.

Lakini mnamkumbuka mama yetu mjane aliyenyang'anywa shamba la ekari tatu. Haki alikuwa nayo na mashahidi walikuwapo. Muda wa kukata rufaa ulipita sisi tukiwa bado tunachangishana nauli ya kumpeleka mjini kumtafuta wakili. Hilo hatumlaumu mtu wa nje, ni letu. Leo shamba limejengwa ukuta, na yeye anaishi kwa mwanawe. Redio iliitangaza habari yake mara tatu, kila mtu akasikitika.

Kwa hiyo kamati tumekubaliana, kwa kura tano kwa tatu, tulete mambo mawili. Kwanza, baada ya chakula mkutano upige kura kuondoa kikomo cha umri. Pili, tunaomba mfuko wa pembeni kwa ajili ya masomo ya sheria, usiogusa ada za watoto hata shilingi moja, na atakayefadhiliwa aandike mkataba wa kutumikia nyumbani siku mbili kila mwezi bila malipo kwa miaka mitano. Mwombaji ameshausoma mkataba huo na kukubali. Ameomba tu siku hizo ziwe za gulio, watu wanapokuwa wengi.

Fomu za ahadi ziko kwa mhazini, meza ya kushoto karibu na mlango. Aliye mbali anaweza kutuma kwa simu, namba ziko kwenye jalada.